Mtetemo wa Siku ya Nne

Klabu ya Sayansi,
Shule ya Bweni ya Wasichana
3 Machi

Kwa Msomaji wa Vipimo,
Ofisi ya Mitetemo ya Kituo cha Anga

Ndugu,

Samahani kwa kukusumbua kazini. Sisi ni klabu ya wanafunzi watano. Mwezi wa Januari jaribio letu lilikuwa kwenye kituo cha anga kwa siku sita. Ni kichupa chenye myeyusho wa shabu, ile ya kusafishia maji, na ndani yake punje moja ya shabu imening'inizwa kwa uzi ili ikue taratibu mahali ambapo vitu vinaelea. Tulitarajia tupate fuwele moja kubwa, safi kama kioo. Kamera ilipiga picha moja kila saa. Hadi picha ya 81, ambayo ni ya siku ya nne, mambo yalikuwa mazuri sana. Kwenye picha ya 82 zimetokea punje nyingine kumi na saba, zimetapakaa kila mahali. Kufikia siku ya sita fuwele yetu ilikuwa imezibeba mgongoni, imevimba kama tangawizi.

Kuna maoni kwamba mwanafunzi aliyepima shabu alizidisha, kwa sababu myeyusho ukiwa mkali mno punje hujizaa zenyewe. Kuna maoni mengine kwamba kitu fulani kilitikisa kichupa.

Nyuma ya brosha yenu tumesoma kwamba kuna kiboksi kilichofungwa ukutani mwa kituo ambacho hupima mchapuko, yaani kila badiliko la mwendo hata liwe dogo kiasi gani, hata mtu akisukuma ukuta kwa kidole. Tunaomba rekodi ya saa ile moja kati ya picha ya 81 na ya 82.

Shule yetu hairuhusu simu, na kompyuta ni za walimu. Kwa hiyo tunaomba jibu kwa barua. Tafadhali bahasha iandikwe "Katibu", isiandikwe jina la klabu, ili isipotee njiani.

Tunatanguliza shukrani zetu,
Katibu wa Klabu


Ofisi ya Mitetemo
14 Machi

Kwa Katibu,

Barua yenu imefika. Katika saa mliyoitaja hakuna tukio lililotangazwa. Mtetemo uliopo ni wa pampu ya maji, na uko ndani ya kiwango kinachokubalika. Nimeambatanisha dakika kumi za grafu kama sampuli, karatasi sita.

Nawatakia masomo mema.

Msomaji wa zamu


23 Machi

Ndugu Msomaji,

Asante sana kwa karatasi sita. Hatukutegemea kwamba mtu angejibu. Tumezibandika kwenye ubao mrefu, moja baada ya nyingine, na tumezisoma kwa rula.

Naomba usituone wakosa adabu. Tuna swali kuhusu pampu.

Tumeona vishindo vyake havilingani. Kimoja kikubwa, kinachofuata kidogo, kikubwa, kidogo, hivyo hivyo karatasi zote sita. Jana tulipokaa mezani kujadili, mwenzetu mmoja akasema, "Hii pampu ina kisigino!" Tukacheka mpaka Matroni akagonga dirisha. Mwingine akasema, "Labda imevaa kiatu kimoja." Basi ikawa kelele tupu. Lakini baada ya kicheko hatukujua jibu.

Je, pampu ya maji ina sehemu mbili zinazopiga kwa zamu? Kitabu cha maktaba yetu kina picha ya pampu ya kisima tu.

Kwa heshima,
Katibu


Ofisi ya Mitetemo
5 Aprili

Kwa Katibu na wenzako,

Mmenichekesha, na kwa hilo nawashukuru, maana chumba hiki hakina mcheshi. Tuko ghorofa ya tatu. Dirisha langu linatazama ukuta wa maegesho. Kuna skrini sita, na mashine ya kuchapa ambayo mlango wake haufungi, nimeuzuia kwa kamusi nene. Zamani tulikuwa wasomaji tisa. Sasa programu ndiyo inayosoma, na mimi nimebaki kuitazama inavyosoma. Vijana wa ghorofa ya chini wananiita Mzee wa Mistari. Niiteni hivyo hivyo, nimeshalizoea.

Mnauliza mambo mazuri, basi niwaeleze kidogo. Watu hudhani huko juu hakuna uvutano. Upo. Ila kituo kizima kinaanguka kuizunguka dunia bila kuifikia, na vyote vilivyomo vinaanguka pamoja nacho, ndiyo maana vinaelea. Sasa fikirini mnataka kukuza fuwele katika utulivu huo, halafu jirani anafunga mlango. Feni inazunguka. Mtu anajishika kwenye nguzo asipite. Kila kitu kinabaki kwenye mistari yangu, hata kishindo cha sehemu moja ya milioni ya uzito wa kawaida. Kazi yangu ni kuandika pembeni: hii ni feni, huu ni mlango, huyu ni fulani kwenye mashine ya kukimbilia. Wanaanga wote sita nawajua kwa miguu. Yupo mmoja tunamwita Saa ya Ukutani, hakosei hata hatua. Yupo Mama Haraka, ambaye anashuka kwenye mashine kabla haijasimama. Sijawahi kuwaona uso kwa uso.

Kuhusu pampu: pampu kuukuu huchechemea. Msiumize vichwa sana.

Nisalimieni yule wa kisigino. Mwambieni ana jicho.

Mzee wa Mistari


16 Aprili

Shikamoo Mzee wa Mistari,

Salamu zimefika. Yule wa kisigino amefurahi.

Mzee, sitaki kubishana na mtu mzima tena wa kazi yake. Lakini nimehesabu. Mwanzo wa karatasi ya kwanza kuna vishindo ishirini na saba kwa kila sekunde kumi. Karatasi ya tatu ni ishirini na tano. Mwisho wa karatasi ya sita ni ishirini na tatu, tena vimekuwa vizito zaidi. Nimerudia siku tatu mfululizo baada ya masomo, nikidhani nimekosea.

Pampu haichoki, Mzee. Ikiharibika itasimama, au itapiga kelele. Lakini kupungua kidogo kidogo namna hii, huku inazidi kukanyaga kwa nguvu, naona ni mtu.

Ningeweza kuliacha hili, na pengine wewe ungependa niliache. Ila tarehe 30 Mei mwalimu wa fizikia anapeleka ripoti ya mwisho ya jaribio letu. Ameshaiandika. Imebandikwa mlangoni mwa maabara kila mtu aisome, na sentensi ya mwisho inasema: "Jaribio lilishindwa kutokana na uzembe wa mwanafunzi mmoja katika kupima." Hajaandika jina, lakini shule nzima inajua nani alipima. Nilimwonyesha karatasi zako. Akasema, "Msomaji mwenyewe kaandika pampu. Wewe ni nani?"

Aliyepima alipima mara tatu, na mara zote ilikuwa gramu saba na nusu. Alizima hata feni ya maabara ili mizani isicheze.

Tunakuomba uangalie tena.

Katibu


9 Mei

Shikamoo Mzee,

Sijui kama barua yangu ya mwezi uliopita ilikufikia. Labda ilipotea. Labda niliandika kwa ukali, na kama ndivyo naomba unisamehe, sikukusudia.

Zimebaki siku ishirini na moja.

Katibu


Ofisi ya Mitetemo
12 Mei

Mwanangu Katibu,

Barua yako ya Aprili ilifika. Haikuwa na ukali wowote.

Nilitaka kuwajibu klabu nzima kwa heshima inayostahili, kwa hiyo nilimwandikia mlezi wa klabu kuuliza majina yenu matano. Nilidhani nafanya jambo zuri. Mwalimu wenu alinijibu kwa mistari minne. Klabu haijaniandikia chochote. Katibu wake aliondolewa mwezi wa Februari baada ya matokeo kutoka. Wanachama ni wanne.

Basi nikazisoma upya barua zako zote, nikamtafuta huyo mwenzenu wa kisigino, nikamkuta hayupo.

Sikugombezi. Nani anagombeza? Ukimaliza kusoma barua hii utaona sina haki hiyo.

Wewe uliandika "sisi". Mimi niliandika "pampu".

Haikuwa pampu, alikuwa mtu anayekimbia. Uliposema pampu ina kisigino niliiweka barua yako chini nikatoka nje ya chumba, kwa sababu ofisini kwetu mtu huyo tunamwita Kisigino. Anakanyaga zaidi mguu wa kulia. Ningemtambua katikati ya mtetemo wowote.

Siku ile asubuhi mkuu wa zamu alituambia kwamba mama yake Kisigino amefariki, na kwamba ameshapewa taarifa kwa redio. Akasema, "Leo mwacheni apumue." Mchana ulikuwa muda wa utulivu. Muda huo hakuna anayeruhusiwa kugusa mashine ya kukimbilia, hasa wiki ile, maana mipira inayomeza vishindo vyake ilikuwa imefunguliwa kutengenezwa. Tangazo limebandikwa mbele ya mashine yenyewe. Mara mistari ikaamka. Ishirini na saba kwa sekunde kumi, mguu wa kulia mzito.

Kanuni ni nyepesi. Nanyanyua simu, namwambia mkuu wa zamu, naye anawaita kule juu: simamisheni. Niliinyanyua. Nikaisikiliza inavyolia sikioni, nikairudisha mahali pake. Huko juu machozi hayadondoki, mwanangu. Yanakusanyika machoni kama donge la maji, mpaka uyafute kwa kitambaa. Nikasema moyoni, huyu ana njia gani nyingine? Pampu huwa na mwendo unaokaribiana na ule, programu isingegundua. Nikaandika pampu. Nilidhani nimemtendea mtu wema na hakuna aliyeumia.

Nilikuwa sijui kwamba kulikuwa na kichupa chako upande wa pili wa ukuta.

Nimechelewa kukujibu kwa sababu nilikuwa napima watu wawili, na nikajiambia yule mwingine ni mtoto, atasahau. Aibu hiyo ninayo. Niambie unataka nini.

Mzee wa Mistari


20 Mei

Mzee,

Hii ni mara ya nne naandika barua hii. Zile tatu nimezichana.

Ni kweli niliondolewa. Nilikuwa nakula na wale wanne bwaloni, meza ya karibu na mlango wa jikoni, na ndiyo meza pekee ambayo nimewahi kuwa na nafasi yangu. Siku mwalimu aliposema "kosa la upimaji", hakuna aliyenitukana. Walitazama sahani zao. Kesho yake nilibeba sahani yangu nikaenda meza ya dirishani, ambako hukaa wale wanaokula haraka na kuondoka. Nakaa na kitabu. Shuleni wananiita Kamusi, kwa hiyo mtu akiniona na kitabu hashangai.

Hakuna aliyesema pampu ina kisigino. Nilisema mimi, peke yangu, maktaba, baada ya vipindi. Ilinichekesha sana. Nikaona ni hasara kichekesho kile kukosa mtu wa kukisikia, basi nikakipelekea kwako na kukipa watu wanne wa kucheka. Matroni kugonga dirisha niliongeza tu.

Sasa nikujibu ulichouliza. Kwanza nimekukasirikia. Nimekaa na hasira siku nzima, hata hesabu sikuzielewa. Tangu Februari nimekuwa nikijiuliza usiku na mchana kama nilisoma mizani vibaya. Nilianza kuamini kwamba nilikosea. Nilianza hata kukumbuka namba ambayo sikuiona, gramu nane na robo, naiona wazi kabisa kichwani. Wewe ulikuwa unajua.

Lakini nikamfikiria huyo mtu anayefuta donge la maji machoni, hasira ikaniishia nusu. Iliyobaki sijui niielekeze wapi.

Nataka sentensi ile ifutwe mlangoni. Sitaki mtu aliyefiwa aitwe mbele ya wakubwa aulizwe kwa nini alikimbia. Sijui kama mambo hayo mawili yanawezekana pamoja. Wewe ni mtu mzima, umeshaona mengi, fanya unavyoona. Ukiamua kunyamaza sitamwonyesha mtu barua yako. Naahidi. Ila usiniandikie tena kwamba ni pampu.

Kamusi


27 Mei

Mwanangu Kamusi,

Barua hii naituma kwa mjumbe wa haraka, pamoja na nyingine ya mkuu wa shule na mwalimu wako, yenye muhuri wa ofisi. Zote mbili zifike kabla ya tarehe 30, la sivyo nitakuja mwenyewe kwa miguu.

Kisigino alirudi duniani mwezi wa Aprili. Kabla ya kugusa rekodi niliona ni lazima aambiwe na mimi, asije akasikia kwa wengine. Nilipanda basi kwa saa tano nzima hadi mahali wanaanga wanapofundishwa kutembea upya baada ya miezi ya kuelea. Nilimkuta katikati ya vyuma viwili, anaburuta miguu kama mtoto wa mwaka mmoja, na kijana wa mazoezi anamwambia, "Haya, mkubwa, mpaka ukutani, usinitazame nikakuhurumia." Nikajitambulisha.

Akasema, "Kumbe wewe ndiye uliyekuwa unatusikiliza miguu?"

"Ndiye mimi."

"Mimi mlikuwa mnaniitaje?"

Nikaona haya, lakini nikamwambia. Alicheka mpaka akashika chuma. Kisha akaacha kucheka.

"Ile siku ya mama," akasema. "Ulisikia?"

"Nilisikia tangu hatua ya kwanza."

"Mbona hukupiga simu?"

Nikamweleza yote niliyokueleza wewe. Nikamwambia nilitaka kumfichia. Nilitegemea, na hili nalisema kwa aibu, kwamba atanishukuru.

Alikaa kwenye kiti cha magurudumu, akatazama mikono yake. Akasema hivi, na nimejitahidi nisibadilishe neno: "Mzee, mimi nilivunja kanuni iliyobandikwa mbele ya pua yangu. Nilijua kuna kiboksi kinachoandika kila kitu. Nilikuwa nakimbia huku nasema, sasa hivi simu italia, watanigombeza, na wakinigombeza nitawaambia. Nilikuwa siwezi kuanza kusema mwenyewe. Nilihitaji mtu aanze, hata kwa ukali. Simu haikulia. Nikashuka, nikajifuta, nikaenda kula na wenzangu, wakaniuliza kama nataka chumvi. Miezi minne nimeamini kwamba hakuna aliyesikia."

Kijana wa mazoezi alikuwa amesimama anakunja taulo lile lile, analikunjua, analikunja.

Nilimweleza habari zako. Akasema, "Mtoto amebeba kosa langu miezi yote hii? Andika. Ukihitaji jina, weka jina."

Sikuweka jina. Pale palipoandikwa pampu sasa pameandikwa: mtu anakimbia, dakika thelathini na nane, muda wa utulivu; mipira ya mashine imefunguliwa; msomaji wa zamu alijua na hakutangaza. Hapo kwenye msomaji nimeweka langu.

Wakubwa walinisikiliza vizuri kuliko nilivyotegemea. Hawakunifukuza. Wamenihamishia chumba cha kumbukumbu, kule chini, mpaka muda wangu wa kustaafu. Hakuna dirisha, kwa hiyo na ule ukuta wa maegesho nimeupoteza. Mistari ya leo siioni tena, naona ya zamani tu. Usisikitike, nimejitakia mwenyewe. Ila asubuhi nikifika bado mkono unatafuta swichi za skrini.

Hasira yako uliyosema hujui uielekeze wapi, ielekeze huku. Nina nafasi.

Kwenye bahasha kubwa kuna dakika zote thelathini na nane. Ni haki yako uzione.

Mzee wa Mistari


8 Juni

Shikamoo Mzee,

Bahasha zote zilifika tarehe 29, saa ya mapumziko. Mkuu wa shule alituita ofisini, mimi na mwalimu wa fizikia. Mwalimu alisoma barua yenye muhuri mara mbili. Kisha akatoka, nasi tukamsikia anabandua karatasi mlangoni mwa maabara, maana ilikuwa imegandishwa kwa gundi na haikutoka vizuri. Mabaki yake bado yapo pembeni.

Ripoti mpya inasema chanzo ni mtikisiko wakati wa utulivu, umethibitishwa. Kuhusu kupima inasema, "gramu 7.5, sahihi." Maneno machache tu. Nimeyasoma mara nyingi kuliko niwezavyo kukuambia bila kuona haya. Ile gramu nane na robo imeondoka kichwani mwangu.

Mwalimu hakuniomba radhi. Aliniambia, "Haya, Kamusi, Alhamisi usichelewe klabu." Nadhani kwake hiyo ndiyo radhi.

Alhamisi nilikwenda. Walikuwa wote wanne. Mmoja akasema, "Kumbe mwenzetu unaandikiana na watu wa anga, sisi tunakuona tu unakula na kitabu!" Mwingine, ambaye siku zote alikuwa anakaa kulia kwangu, akasema, "Halafu wewe ndiye uliyehama meza. Sisi tulikufukuza? Tulidhani umetuchukia." Nikasema, "Mlitazama sahani." Akasema, "Ulitaka tutazame wapi? Tulikuwa tunaona aibu. Tulikuwa tunangoja useme kitu."

Mimi nilikuwa nangoja wao.

Nimerudi kwenye meza ya mlango wa jikoni. Sijazoea bado. Kuna wakati wanaongea wote kwa pamoja na mimi nabaki nyuma, nikipata la kusema wameshahamia jambo lingine. Lakini nipo.

Hasira imeisha, Mzee, usiihifadhie nafasi. Huko chumba cha kumbukumbu mna viti vingapi? Shule ikifungwa nina wiki tatu, na sijawahi kuona mistari ya zamani.

Ndani ya bahasha hii kuna karatasi iliyokunjwa. Siyo yako. Naomba umfikishie mwenyewe. Unaweza kuisoma kabla, haina siri.

Kamusi


8 Juni

Kwa uliyekimbia siku ya nne,

Shikamoo. Hatufahamiani. Mimi ndiye niliyekuwa na kichupa upande wa pili wa ukuta. Sikulaumu, na punje zile kumi na saba nimezihifadhi kwenye picha, ziko vizuri.

Pole sana kwa kufiwa na mama.

Nimeletewa dakika zako zote thelathini na nane. Sikuweza kuzibandika ubaoni, haukutosha, kwa hiyo nilizitandika sakafuni bwenini kuanzia kitanda cha kwanza hadi cha mwisho, nikazifuata kwa magoti na rula. Nimesoma kila hatua. Hakuna niliyoiruka.

Kwenye dakika ya kumi na tisa vishindo vinakatika. Nilidhani karatasi ina kasoro, lakini feni inaendelea, kwa hiyo kiboksi kilikuwa kinasikia. Ulisimama. Nimepima: sekunde sita. Kisha kinakuja kishindo kimoja peke yake, mguu wa kushoto, chepesi sana. Ndipo ukaanza tena.

Mzee ameniandikia kwamba ulihitaji mtu aanze, basi naomba kuuliza, ukipenda kujibu: katika sekunde zile sita, ulikuwa unasema nini?

Mimi,
Kamusi